Vitabu vya Nanga, Hadithi na Maisha ya Nyumbani katika Buhaya

Katika nchi ya Buhaya, yaani wilaya za Bukoba na Muleba na majirani zao wa mkoa wa Kagera, msimulizi wa hadithi hasemi peke yake. Kwanza huwaarifu walioketi naye ya kuwa amewaletea hadithi, nao humwitikia. Kisha husema ya kuwa alikuja, akaona. Nao humjibu kwamba aone, ili wao nao wapate kuona. Asipojibiwa haendelei. Jibu hilo la wasikilizaji ndilo alilolichagua Peter Seitel, Mmarekani aliyekusanya hadithi za Wahaya, liwe jina la kitabu chake kilichopigwa chapa Bloomington mwaka 1980, *See So That We May See*.

Twaona ya kwamba jibu hilo lafaa kuwa kipimo si cha hadithi tu, bali cha vitabu vyote vilivyotungwa juu ya ngoma, ufundi na maisha ya kila siku ya watu hao. Kwa kuwa mtungaji wa kitabu cha namna hiyo naye asema, "Nalikuja, nikaona." Basi yatupasa kumwuliza maneno mawili. La kwanza: je, ameona kweli, au ameokota vitu njiani na kuvipanga? La pili: ameona ili nani apate kuona? Vitabu juu ya Buhaya ni vingi kuliko vya makabila mengi ya Afrika ya Mashariki, na wenye kuvitunga walikuwa watu wa bidii. Lakini si vyote viwezavyo kujibu maneno hayo mawili sawasawa.

Tuanze na cha zamani. Mwaka 1910 Hermann Rehse, Mjerumani, alitoa kitabu juu ya Kiziba, nchi iliyo kaskazini ya mji wa Bukoba. Jina lake ni *Kiziba: Land und Leute*, nacho kilipigwa chapa Stuttgart, na dibaji yake iliandikwa na mwanachuoni Felix von Luschan. Wakati huo Wadachi walikuwa wametawala Bukoba miaka ishirini tu, maana boma lao lilianzishwa na Emin Pasha mwaka 1890. Wazee aliowauliza Rehse walikuwa wameyajua maisha ya kabla ya boma, na kwa sababu hiyo kitabu chake ni hazina isiyoweza kupatikana tena. Mtu atakaye kujua jinsi nyumba ya msonge ilivyojengwa toka chini hata kilele, au ni kazi zipi za mikono zilizokuwapo, hana budi kukiendea.

Walakini kitabu hicho kina kasoro ya zama zake. Vitu vimewekwa kimoja kimoja kama katika nyumba ya makumbusho: hapa nyumba, hapa chakula, hapa ala za ngoma, hapa desturi za kuoa na kuzika. Msomaji huona kila kitu, wala haoni jinsi kitu kimoja kinavyokiita kingine. Ngoma imetengwa na pombe ya ndizi iliyowakusanya wachezaji. Pombe imetengwa na kibanja kilichozaa ndizi. Na kibanja kimetengwa na mababu waliozikwa ndani yake. Kwa Mhaya mambo hayo manne ni jambo moja. Basi kwa swali letu la kwanza twajibu kwamba Rehse ameona mengi, lakini ameona vipande. Na kwa swali la pili jibu ni wazi: ameona ili watu wa Ujerumani wapate kuona.

Baada yake walifuata wamisionari. Padre Edmond Césard, wa shirika la Mapadre Weupe, alitoa katika gazeti la *Anthropos*, toka miaka ya 1920 hata mwaka 1937, habari ndefu juu ya asili ya Wahaya, methali zao, hadithi zao na mwenendo wao. Sifa yake ni kwamba hakutaka kumwambia msomaji maana tu. Alitia methali na hadithi zenyewe, watu walivyozisema. Aliyekusanya methali ameketi na watu siku nyingi, kwa maana methali haitolewi kwa kuulizwa. Hutoka yenyewe mahali pake, katika shauri au katika ugomvi. Lakini maelezo yake ni ya Kifaransa, katika gazeti la wataalamu wa Ulaya, na mtu wa Kamachumu au wa Nshamba atalipatia wapi?

Mwaka 1945 kilitoka London kitabu cha Hans Cory na M. M. Hartnoll juu ya sheria za desturi za Wahaya. Hiki si kitabu cha ufundi wala cha ngoma, lakini hakiwezi kuachwa katika habari za maisha ya kila siku, kwa sababu ndani yake mna ndoa, mahari, urithi, mashamba na ile milki ya nyarubanja, ambayo kwayo mkulima alikaa katika kibanja kwa kumtumikia bwana wake. Mambo yamepangwa kwa vifungu vyenye hesabu, ili hakimu apate kulikuta neno upesi. Kwa kazi hiyo kitabu kilifaa sana, na hata baada ya utawala wa machifu kukomeshwa mwaka 1963, na nyarubanja kuondolewa kwa sheria katika miaka iyo hiyo ya 1960, wenye kuchunguza mambo ya ardhi hawakuacha kukitumia.

Lakini msomaji afahamu ni dirisha gani analochungulia. Sheria huiona nyumba siku ya ugomvi tu. Mume na mke walioishi kwa amani miaka arobaini hawamo katika kitabu cha Cory na Hartnoll. Wamo waliogombana, waliofiwa na walionyang'anyana migomba. Mtu akikisoma hicho peke yake atadhani ya kuwa Wahaya huamka asubuhi kwa kushtakiana. Hilo si kosa la watungaji, kwa kuwa walitumwa kutafuta sheria wakaleta sheria. Ni kosa letu sisi wasomaji tukikitumia kitabu cha baraza kana kwamba ni kitabu cha nyumba.

Miaka minne baadaye, mwaka 1949, kilitoka kitabu cha namna nyingine kabisa: *Amakuru ga Kiziba na Abakama bamu*, kilichotungwa na Francis Xavier Lwamgira kwa Kihaya. Hapa tu, katika orodha yetu, ndipo mwenyeji alipowaandikia wenyeji kwa lugha yao. Neno "sisi" la wasikilizaji hatimaye limepata maana yake ya asili. Lwamgira alikuwa mtu wa baraza, aliyezijua siri za Wakama na za serikali, na habari zake zina uzito wa mtu aliyekuwa karibu. Kwa swali la pili kitabu hicho chavishinda vyote vilivyotangulia.

Kwa swali la kwanza, hata hivyo, yatupasa kusema kweli. Lwamgira aliiona nchi toka uwanja wa Mkama. Habari zake ni za kurithishana viti, za vita, za hila na za kufukuzana. Jiko halimo, wala mwanamke apikaye, wala kijana ajifunzaye kupiga nanga. Mwenyeji hakosi kuwa na dirisha lake naye. Jambo hili latufundisha kwamba haitoshi kusema, "Na waandike wenyewe." Wenyewe ni wengi, na nyumba ya Mkama si nyumba ya kila mtu.

Sasa tugeukie nanga yenyewe. Mtu wa pwani asikiapo neno hilo hufikiri chombo baharini, lakini katika Buhaya *enanga* ni ala ya muziki: ubao uliochongwa ukawa kama sinia refu au mwana wa mtumbwi, nao umetandikwa nyuzi saba au nane kwa urefu wake. Mpigaji huketi, huilaza mapajani, naye hupiga na kuimba pamoja. Aimbayo ni habari ndefu za mashujaa, za Wakama, za mapenzi na za usaliti. Na wengine ni watu wa ajabu kama Mugasha, mwenye ziwa na mawimbi. Msomaji asitafute humo mizani nane na vina vya tenzi za Lamu na Mombasa. Ushairi wa nanga hufuata nyuzi na pumzi ya mwimbaji, nao hurefuka au hufupika kwa kadiri ya walioketi na kwa kadiri ya pombe iliyomo mtungini.

Mtungaji aliyeifanyia nanga kazi kubwa kuliko wengine ni Profesa Mugyabuso Mulokozi, mzaliwa wa huko huko Kagera na mwanachuoni wa Kiswahili katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Kazi hiyo ilianzia katika ubishi. Mwaka 1970 Ruth Finnegan, katika kitabu chake kikubwa juu ya fasihi ya masimulizi ya Afrika, alisema ya kwamba utendi wa kishujaa hauna nafasi kubwa katika Afrika. Isidore Okpewho wa Nigeria alimjibu kwa kitabu mwaka 1979. Naye Mulokozi, mwaka 1983, alitoa makala iliyouliza kama wapiga nanga wa Tanzania ni watunzi wa tendi, na jibu lake lilikuwa kwamba ndio. Mwaka 2002 alikusanya hoja zote katika kitabu *The African Epic Controversy*, kilichotolewa na Mkuki na Nyota, Dar es Salaam.

Kitabu hicho ni cha heshima. Mulokozi hatengi maneno na ala, wala ala na mwimbaji, wala mwimbaji na wasikilizaji wake. Aonyesha ya kuwa utendi si karatasi bali ni tendo lifanyikalo mbele za watu. Tena ajua historia ya falme za Buhaya, kwa hiyo shujaa wa wimbo hawi jina tupu. Aonyesha jinsi utawala wa Wakama, watwana wao na mabishano yao yalivyozaa nyimbo hizo, na jinsi mwimbaji alivyoweza kumsifu mkubwa na kumchoma kwa wimbo ule ule. Kwa swali la kwanza twasema bila kusita: huyu ameona.

Lakini twamwona ameketi katika baraza ambalo hakuliita yeye. Swali la kwamba nanga ni utendi au si utendi lilizaliwa katika vyuo vya Ulaya, ambako utendi wa Wayunani ndio kipimo. Mwimbaji wa Muleba hakupata kuuliza swali hilo, wala wimbo wake haukuongezeka utamu kwa kujibiwa. Ilikuwa lazima kulijibu, kwa kuwa neno la Finnegan lilikuwa limewanyima Waafrika haki yao, na kunyamaza kungekuwa kukubali. Walakini gharama yake ni kwamba sehemu kubwa ya kitabu yawajibu watu walio mbali, na kwa Kiingereza, wakati mtoto wa mpiga nanga angependa kuulizwa mengine: huyu mwimbaji alijifunza kwa nani? Kwa nini vijana wanaomwitikia wamepungua? Wimbo huu uliimbwa arusini au matangani, na ulibadilikaje?

Hapa ndipo kazi za Seitel zinaposaidia. Katika kitabu cha 1980 alifanya jambo dogo lenye faida kubwa. Hakuziandika hadithi kama barua, mistari ikijaa toka ukingo hata ukingo. Alizikata mahali msimulizi alipokata pumzi, na kwa alama alionyesha sauti ilipopanda na ilipovutwa. Hivyo msomaji asiyepata kufika Buhaya aweza kusikia kidogo mwendo wa mwanamke asimuliaye jioni. Tena hakuziacha bila maelezo ya nyumba. Hadithi za Wahaya zimejaa mambo ya kupika, kula, kuolewa, kurudi kwa wazazi na kugawanya chakula. Asiyejua ni nani hukaa wapi nyumbani, na nani humpa nani chakula, atasikia maneno wala hatapata hadithi. Mwaka 1999 alitoa kitabu cha pili, *The Powers of Genre*, akilinganisha hadithi za nyumbani, nyimbo za mashujaa na majigambo ya *ebyebugo*, ambayo mwanamume aliyatamka mbele ya Mkama wake. Kusomwa pamoja kwa aina hizo tatu kwaonyesha ya kuwa kila sanaa ina mahali pake: moja ni ya jikoni, moja ni ya penye nyuzi na pombe, moja ni ya uwanjani. Kitabu hiki cha pili ni kigumu kuliko cha kwanza, na yeyote atakaye kuanza na aanze na kile cha 1980.

Kimebaki kitabu kimoja ambacho wapenda ngoma hukipita, nasi twadhani wasikipite. Ni cha Brad Weiss, kilichotolewa na Chuo Kikuu cha Duke mwaka 1996, juu ya kufanyika na kufumuliwa kwa maisha ya Wahaya. Habari zake ni za miaka ya mwisho ya 1980, wakati nchi ilikuwa bado ina majeraha ya vita vya 1978 na 1979, na wakati ukimwi, ambao wagonjwa wa kwanza wa Tanzania walitambuliwa Kagera mwaka 1983, ulikuwa ukimaliza nyumba hata nyumba. Weiss hasemi habari za nanga. Asema habari za mafiga, za moto, za mlango ufungwao watu wakila, za kahawa wanayopewa wageni kutafuna, za ndizi na za fedha. Aonyesha kwamba kula pamoja si kushiba tu. Ni kazi ya kuifanya nyumba iwe nyumba, na mauti na biashara vilipoingia, kazi hiyo ndiyo iliyoharibika kwanza.

Kiingereza chake kizito, nacho kimejaa istilahi za wanafalsafa. Kurasa nyingine zamchosha hata aliyezoea. Hata hivyo ni kitabu kinachoeleza kile ambacho watu wa ngoma hukisahau: kwamba mwitikiaji wa wimbo hutoka katika nyumba, na nyumba ikifa mwitikiaji hayuko. Mwaka 2006 ulitangazwa katika Kagera ugonjwa wa mnyauko wa migomba, na vibanja vingi vikang'olewa. Asomaye Weiss ataelewa ya kwamba hilo halikuwa pigo la chakula peke yake. Mgomba ukinyauka hakuna pombe ya ndizi. Pombe isipokuwapo watu hawaketi. Wasipoketi, nanga hutundikwa ukutani.

Basi tukivitia vitabu hivi vyote mizanini twaona jambo moja. Kila mtungaji aliyetenga sanaa na maisha alipunguza vyote viwili. Rehse alipata vitu bila watu. Cory na Hartnoll walipata watu bila furaha yao. Lwamgira alipata wakubwa bila jiko. Weiss alipata jiko bila wimbo. Waliokaribia ukamilifu ni Seitel na Mulokozi, kwa sababu hawakusahau ya kuwa kuna mtu anayeitikia.

Na kuhusu swali letu la pili, hali si njema. Stuttgart, London, Bloomington na Durham zimeona. Dar es Salaam nayo imeona, kwa Kiingereza. Wazee wetu walisema, "Mgeni njoo, mwenyeji apone". Lakini hapa wageni wamekuja, wamepewa kahawa na hadithi, wamekwenda zao, na mwenyeji hajapona sana. Si kwamba waliiba. Waliyoyaandika yangalipotea kama wasingaliyaandika, na mjukuu wa msimulizi ana deni la shukrani kwao. Lakini mjukuu huyo, akitaka leo kujua babu yake aliimba nini, hana budi kwanza kujifunza Kijerumani, Kifaransa na Kiingereza cha wanafalsafa. Hilo ni jambo la kusikitisha, wala halihitaji kubaki hivyo.

Kwa hiyo twatoa shauri kwa atakayeandika baadaye, awe mwalimu wa Bukoba, au padre, au mwanafunzi wa chuo. Aandike kwanza Kihaya chenyewe, kama kilivyotoka kinywani, na Kiswahili kandoni, ili mtu wa Muleba na mtu wa Tanga wasome pamoja. Aseme wimbo uliimbwa wapi, kwa sababu gani, mbele ya nani, na walioitikia waliitikia nini. Asiache kutaja kilichokuwa kikipikwa. Tena, kabla ya kukipeleka kitabu kwa mpiga chapa, akisome kwa sauti mbele ya walewale waliompa habari, awaache wamsahihishe.

Kwa maana msimulizi wa Buhaya hapewi ruhusa ya kuendelea na wanachuoni. Hupewa na walioketi naye penye moto. Mtungaji wa kitabu juu yao naye angojee jibu lao.